Kabla ya kuichonga pua, pima kidevu

Ombi ninalolisikia kuliko yote kwenye kiti changu cha kupamba nyuso ni hili: "Dada, nichongee pua." Nami kabla ya kuchovya brashi, naushika mpini wake na kuuweka wima usoni kwa mteja. Napima mara tatu: kutoka nywele zinapoanzia hadi kwenye nyusi, kutoka nyusi hadi chini ya pua, na kutoka hapo hadi ncha ya kidevu. Kipimo hiki ni cha kale. Vitruvius, msanifu majengo wa Roma, alikiandika yapata miaka 2,000 iliyopita, na Leonardo da Vinci akakirudia kwenye michoro yake. Nyuso nyingi hazilingani sehemu zote tatu, wala hiyo si kasoro. Ninachotafuta ni kujua jicho la anayemtazama linavutwa wapi.

Mara nyingi jibu haliko puani. Mteja mmoja alikuja akiwa na mistari miwili ya kahawia kutoka kwenye nyusi hadi ncha ya pua, kama alivyozoea kujipaka. Nilipopima, sehemu ya chini ya uso ilikuwa fupi kuliko ya kati kwa karibu upana wa kidole. Ile mistari ya wima ilikuwa inazidi kuirefusha pua. Nikaifuta yote. Nikagusisha konsila, ile krimu ya kufichia madoa, ya rangi iliyo angavu kidogo kuliko ngozi yake katikati ya kidevu, kisha kivuli chembamba chini kabisa ya ncha ya pua. Akajitazama kwenye kioo, akaishika pua yake, akauliza nimeipunguzaje. Ubavuni mwa pua sikuwa nimepaka kitu.

Konturi, yaani kuuchonga uso kwa rangi za giza na za mwanga, yote imesimama hapo: giza hurudisha nyuma, mwanga huleta mbele, na kiungo huonekana kikubwa au kidogo kwa sababu ya jirani yake. Kwa hiyo rangi ya konturi lazima ifanane na kivuli cha kweli, na kivuli hakina wekundu wala vimeremeta. Ile poda ya kuipa ngozi joto la jua ni nzuri kwa kazi yake, lakini ukiichongea taya itaonekana kama doa. Chagua rangi isiyong'aa, iliyokoza kuliko ngozi yako kwa ngazi moja au mbili.

Wenye ngozi nyeusi iliyokoza, hapa naomba mnisikilize vizuri, maana maelekezo mengi yameandikwa kwa kufikiria ngozi nyeupe. Rangi za kijivujivu zinazosifiwa huko zitakuachia majivu usoni. Tumia kahawia nzito, tena kidogo, kisha uachie mwanga sehemu kubwa ya kazi: ng'arisha katikati ya paji, chini ya macho na kidevu, na pembeni mwa uso ibaki rangi yako mwenyewe. Ngozi yako tayari ina kina. Huhitaji kuongeza giza jingi.

Kwenye mashavu, usinyonye midomo kama samaki. Bonyeza kwa kidole mpaka uukute mfupa, kisha paka chini yake kidogo ukianzia sikioni, na usimame ulipo mkabala na kona ya nje ya jicho. Ukisogea hadi karibu na mdomo, uso utaonekana umechoka na kushuka. Sambaza kuelekea juu. Paji pana hupunguzwa kwenye panja. Taya pana, kwenye kona zake chini ya masikio. Konturi ya krimu hutangulia, poda hufuata. Ukipaka krimu juu ya poda itagandamana.

Konturi humfaa anayekutazama kwa mbele. Ukigeuka upande, umbo la pua ni lilelile, na sitamwahidi mteja vinginevyo. Nayo flashi ya kamera hupiga moja kwa moja na kufuta vivuli, ndiyo maana mteja wa kupigwa picha namzidishia rangi kidogo kuliko wa mchana wa kawaida.

Ukimaliza, sogea dirishani, piga picha kwa simu bila flashi, kisha ibadilishe iwe ya rangi nyeusi na nyeupe. Kivuli kilichosambaa vizuri kitayeyuka ndani ya uso. Ukiona mstari una kingo, rudia sponji yenye unyevu na uugongegonge mpaka usijue umeanzia wapi.