Je, wajua ni kwa nini vipande viwili vya mbao vikisuguana huweza kumwita bata mzinga dume?

Kila mwaka majira ya machipuko yakifika Marekani, wawindaji huingia misituni Alabama, Missouri, Pennsylvania na kwingineko kabla hakujapambazuka. Hukaa chini, mgongo kwenye shina la mti, wakamsubiri ndege aliyelala juu ya matawi. Ndege huyo ni bata mzinga mwitu, spishi ile ile ya huyu tunayemfuga uani, ila wa mwituni ni mwembamba zaidi, mwepesi wa kuruka, na mwoga kupita kiasi. Mwindaji hana chambo. Ana kisanduku chembamba cha mbao chenye kifuniko kirefu kilichoshikizwa kwa skrubu moja upande mmoja. Anakivuta kifuniko kidogo tu, hata inchi mbili hazifiki: kii-yok, kii-yok, kii-yok. Kule juu dume anaitikia kwa golo-golo-golo inayotikisa bonde zima.

Sauti ya jike imetokaje kwenye mbao kavu?

Jibu ni msuguano, ule ule tuliofundishwa shuleni, wenye sura mbili. Vitu viwili vilivyogusana vikiwa vimetulia hushikana kwa nguvu zaidi kuliko vikishaanza kuteleza. Kwa hiyo ukikiburuta kifuniko taratibu juu ya ukingo wa kisanduku, hakitelezi moja kwa moja. Kinanasa, kinavutika, kinaachia ghafla, kisha kinanasa tena. Mnaso na mwachio huo hutokea mamia ya mara kwa sekunde, na kila mwachio hulipiga teke dogo ukuta wa kisanduku, ambao umechongwa mwembamba makusudi ili utetemeke. Uwazi wa ndani unaikuza sauti. Upinde wa zeze nao huliza uzi kwa njia hiyo hiyo, na ndiyo maana mpiga fidla huupaka upinde wake utomvu mkavu: bila kunasa hakuna sauti, kuna kuteleza tu.

Kuna ufundi mwingine usioonekana haraka. Kigeuze kifuniko chali na ukitazame upande wa chini: hakijanyooka, kimechongwa mviringo kidogo. Ukingo wa kisanduku nao umepinda. Kifuniko kinaposogea, mahali pa mguso panahama, na sauti inayoanza juu na nyembamba inavunjika kuwa nzito. Mvunjiko huo ndio unaoufanya mlio uwe wa jike. Bila huo, unapata mkwaruzo wa mlango mbovu, na hakuna dume atakayeujali. Henry Gibson wa Dardanelle, Arkansas, alipata hataza ya kisanduku cha aina hii mwaka 1897, na vinavyouzwa leo havijaachana sana na umbo hilo.

Ndugu yake kisanduku ni kile wawindaji wanachokiita chungu. Ni kikopo kifupi cha duara kinachoenea kiganjani, juu kimefunikwa kwa kibao cha jiwe, kioo au alumini, chini kina matundu. Kinalizwa kwa kijiti. Kibao cha jiwe hapo ni sleti, jiwe lile lile waliloandikia wanafunzi wa zamani kabla madaftari hayajawa rahisi. Kijiti hushikwa kama kalamu, ncha ikiinama kidogo, na mkono unachora viduara vidogo visivyozidi sarafu. Siri ni kutoinua ncha: ukiiinua kati ya mlio na mlio, mwanzo wa kila sauti unakatika na mdundo unapotea. Karibu na ukingo sauti ni nyembamba, ukielekea katikati inakuwa nzito. Tena usikikumbatie chungu kwa kiganja kizima. Kishikilie kwa ncha za vidole, la sivyo unayaziba matundu ya chini na sauti inafia humo humo.

Sasa, kipi kichaguliwe? Kwa anayeanza, mimi ningesema kisanduku bila kusita. Mtu anaweza kutoa mlio unaokubalika siku ile ile aliyokinunua, na kinasikika mbali, jambo la maana asubuhi yenye upepo. Kipo pia kidude cha kusukuma kwa kidole, chenye kijiti kinachotokeza upande mmoja. Hicho hata mtoto anakiweza, ila sauti zake ni chache na ukikitikisa njiani kinajililia chenyewe. Chungu cha sleti kinataka mazoezi, lakini kwa sauti za chini, zile za ndege aliyeridhika anayechokora majani, hakina mpinzani. Kioo na alumini hutoa sauti kali, nyembamba, ya kupenya msitu. Na usidharau kijiti: chungu kimoja chenye vijiti vitatu vya mbao tofauti ni sawa na majike watatu. Fundi mwenye pesa ya chungu kimoja tu anunue vijiti zaidi badala ya chungu cha pili.

Kwa kuwa kila kitu kinategemea kunasa, adui mkubwa ni mafuta na maji. Jasho la kidole likigusa sehemu inayosuguliwa, hapo pamekufa hadi pasafishwe. Chini ya kifuniko cha kisanduku hupakwa chaki, nayo iwe isiyo na mafuta wala nta, kwani chaki mbaya huacha utando unaoteleza. Kwenye ukingo wa kisanduku usipitishe msasa ovyo: umbo lile ndilo lililobeba mlio, ukilila umeharibu chombo. Kwenye chungu mambo ni kinyume, msasa ndio dawa. Sleti hukwaruzwa kidogo kwa msasa laini, kioo hutaka msasa mkali, na mikwaruzo yote ielekee upande mmoja ili kijiti kipite kwa kuikata. Vumbi hupulizwa, halifutwi kwa kidole. Mvua ikinyesha, kisanduku cha mbao hutiwa ndani ya mfuko wa plastiki wa mkate, mkono ukaingia humo humo na kukiliza. Wengine hukiweka kabisa na kuchukua chungu cha kioo na kijiti cha plastiki ngumu au kaboni, kwani hivyo havinywi maji.

Chombo kizuri hakitoshi kama hujui la kusema. Jike ana misemo yake. Mlio wa kii-yok unaorudiwa mara tano, sita, ni "nipo hapa, wewe uko wapi?" Kok moja fupi ni ya ndege aliyetulia. Mkoromo laini, anaoutoa akila, unamwambia dume kwamba hakuna hatari. Na kuna pat! kali, kavu, inayotoka jike akiona kitu asichokipenda. Hiyo ndiyo mwindaji mgeni huitoa bila kukusudia kwa kubana kifuniko kwa nguvu, kisha akashangaa msitu umekuwa kimya ghafla. Mdundo una uzito kuliko utamu wa sauti. Majike wa kweli wengine wana sauti mbovu kabisa, zimekwaruza, zimepasuka, lakini hakuna anayekosea mdundo.

Hapa ndipo penye ugumu ambao wengi hawautarajii. Kwa desturi ya ndege hawa, dume ndiye anayeita na jike ndiye anayemfuata. Mwindaji anamwomba dume afanye kinyume cha alivyozoea. Ndiyo maana mara nyingi dume huja hadi umbali fulani, akasimama, akatandaza mkia na kuringa, akisubiri huyo bibi ajitokeze. Ukizidi kumwita, anaamini zaidi kwamba jike yuko njiani, hivyo hana sababu ya kusogea. Wazoefu hapo hunyamaza, au huparuza majani makavu kwa mkono kama ndege anayechokora, basi. Na golo-golo peke yake haithibitishi kwamba amevutiwa: katika msimu huo dume hujibu hata radi, bundi na mlango wa gari. Mfugaji wa huku kwetu analijua hilo, piga mluzi mkali karibu na banda uone.

Akianza kusogea, udhaifu mkubwa wa vyombo vya msuguano unajitokeza: vinataka mikono. Macho ya bata mzinga yako pande za kichwa, anaona karibu pande zote bila kugeuka, na anatambua rangi. Kidole kinachotikisika hatua arobaini mbele yake kinatosha kumwondoa. Kwa hiyo kisanduku na chungu huwekwa chini mapema, bunduki ikiwa tayari gotini. Wengi huwa pia na kifaa cha mdomoni, kiwambo chembamba kinachobanwa kaakaani kwa ulimi, kwa hatua hizo za mwisho. Kujifunza kile cha mdomoni ni kazi ya majuma, tena kinawatapisha baadhi ya watu.

Huenda umejiuliza, kwa nini wasirekodi sauti ya jike wakaicheza kwenye simu? Majimbo mengi yamepiga marufuku vifaa vya kielektroniki katika uwindaji huu. Sheria za msimu wa machipuko pia kwa kawaida huruhusu dume tu, au ndege mwenye "ndevu", kile kishungi cheusi cha manyoya yanayofanana na nywele kinachoning'inia kifuani. Majike huachwa walalie mayai. Ukali huo una historia: mwanzoni mwa karne ya 20 uwindaji usio na mipaka na ukataji wa misitu vilikuwa vimewafuta ndege hawa katika majimbo mengi. Sheria ya mwaka 1937 ilielekeza kodi ya bunduki na risasi kwenye uhifadhi, na baadaye wataalamu wakawa wanawanasa ndege wa mwituni kwa nyavu zinazofyatuliwa, wakawahamishia misitu iliyobaki mitupu. Leo wamo tena kwa mamilioni.

Jambo moja la usalama, maana sauti hizi hazimdanganyi ndege peke yake. Mwindaji mwingine aliye ng'ambo ya kijito naye anasikia jike, na anaweza kunyatia. Ndiyo maana hufundishwa kuegemea mti mpana kuliko mabega yako, kutovaa nyekundu, nyeupe wala buluu, ambazo ndizo rangi za kichwa cha dume, na ukimwona mtu anakuja, usimpungie mkono. Paza sauti, kwa maneno ya binadamu.