Je, wajua ni nini hugeuza usemi kuwa muziki ndani ya chumba kitupu?

Mwaka 1969, msanii wa Kimarekani Alvin Lucier aliketi chumbani, akasoma maneno machache yanayoeleza jambo analolifanya, akajirekodi kwenye kanda. Kisha akaicheza kanda hiyo kwa spika humo humo chumbani huku mashine ya pili ikirekodi. Rekodi mpya nayo ikachezwa, ikarekodiwa, na kadhalika. Kazi hiyo inaitwa I Am Sitting in a Room. Katika toleo la mwaka 1980 sauti inazungushwa mara 32, kwa muda wa kama dakika 45. Mwanzoni unamsikia mtu akiongea. Baadaye maneno yanaanza kukuponyoka, na mwishoni imebaki milio mirefu inayovuma na kupishana, ilhali hakuna ala iliyopigwa.

Wengi wakisikia hivyo husema kanda imechakaa: kila nakala hupoteza kidogo, mpaka usemi unaisha. Ni jibu la haraka, na kanda kweli huchakaa. Ila ukiinakili kanda ileile kwa waya, kutoka mashine hadi mashine bila kupitia spika, utapata mchakacho unaozidi na sauti iliyofifia, wimbo huupati. Na faili za kompyuta, ambazo hazipungui chochote hata zikinakiliwa mara elfu, zikipitishwa kwa spika na maikrofoni chumbani hutoa milio vilevile. Halafu kuna hili: yasome maneno yaleyale katika chumba kingine, nayo milio inabadilika. Kanda haijui iko chumba gani.

Anayefanya kazi hapa ni chumba. Sauti hugonga ukuta na kurudi. Mitetemo ambayo mawimbi yake yanalingana na nafasi kati ya kuta hukutana na mingine inayokwenda nayo sawia, ikaongezana nguvu; mingine hukutana kinyume, ikapunguzana. Chukua chumba cha futi kumi kwa kumi, kile cha kupangisha cha mitaa ya Nairobi kama Pipeline au Kayole. Kuta zikiachana mita 3, na sauti ikisafiri kama mita 343 kwa sekunde, mlio wa chini kabisa unaopendelewa ni wa mitetemo 57 hivi kwa sekunde, kisha 114, kisha 171. Sauti ya mwanamume akiongea mara nyingi huwa kati ya 100 na 150, kwa hiyo huo wa 114 anao tayari kooni.

Kwa mzunguko mmoja upendeleo huo ni mdogo, ndiyo maana ukiongea na mpangaji mwenzako hakusikii ukiimba. Lakini unakua kama riba ya mkopo inayotozwa juu ya deni pamoja na riba ya jana. Tuseme kila mzunguko mlio wa 114 unatoka na nguvu mara mbili ya mlio ulio jirani yake. Baada ya mizunguko 10 umeuzidi mara 1,024. Baada ya 20, zaidi ya mara milioni. Hiyo mara mbili ni ya mfano tu, maana kila chumba kina kiwango chake. Wala chumba hakifanyi kazi peke yake: spika na maikrofoni zina milio zinayoipenda, nazo hutia mhuri wao.

Konsonanti kali kama s na f hutangulia kupotea, irabu zikarefuka na kuvaana. Mdundo wa usemi hudumu zaidi. Lucier alikuwa na kigugumizi, na katika maneno yenyewe anasema zoezi hili ni njia ya kulainisha kasoro za usemi wake.

Wajenzi wa studio hukwepa chumba cha mraba kwa sababu jozi mbili za kuta hung'ang'ania milio ileile. Kwa zoezi hili, basi, futi kumi kwa kumi ni mali safi. Lijaribu kabla ya kuingiza godoro na mapazia, maana hunywa sauti. Na usitumie programu ya simu inayosafisha kelele: huo mvumo unaoutafuta, yenyewe huuona uchafu na kuufuta.