Pumzi ya John McCormack

John McCormack, mzaliwa wa Athlone, Ayalandi, mwaka 1884, hakuwa na sauti ya kutikisa kuta. Alikuwa na pumzi, na kwangu mimi hakuna tenori (mwimbaji wa kiume wa sauti ya juu) anayefundisha matumizi ya pumzi kumshinda yeye.

Baada ya medali ya dhahabu ya Feis Ceoil, mashindano ya muziki mjini Dublin, 1903, alikwenda Milan kwa mwalimu Vincenzo Sabatini. Januari 1906 alianza opera huko Savona kwa jina la Giovanni Foli, lililotokana na ukoo wa mchumba wake, Lily Foley. Mwaka 1907 tayari alikuwa Covent Garden, jumba la opera la London, akiimba Turiddu, mhusika wa opera Cavalleria rusticana. 1909 akaingia New York na opera La traviata, pamoja na mwimbaji wa soprano Luisa Tetrazzini. Uigizaji ulimpa tabu na mwenyewe alilikubali hilo. Polepole akahamia kwenye matamasha, na mwaka 1923 akaiaga opera huko Monte Carlo.

Santuri ya kuanzia ni "Il mio tesoro", wimbo wa opera Don Giovanni ya Mozart, aliyoirekodi 1916. Maikrofoni haikuwa imeingia studio. Aliimba mbele ya pembe ya kunasia sauti, kwa hiyo hakuna mtambo uliomwongezea sauti. Subiri neno "cercate" katikati ya wimbo: noti ndefu ya F inashikiliwa, kisha zinafuata noti za haraka mfululizo. Wengi huiba pumzi humo, yaani huvuta hewa kidogo kwa siri. Yeye anapita hadi mwisho, na noti ya mwisho ina afya kama ya kwanza.

Anayeshindwa hapo mara nyingi amejaza hewa kupita kiasi: mabega yanapanda, koo linakaza, hewa inatoka yote kwa mkupuo. Kosa jingine ni kuianza F kwa nguvu. La tatu ni kutia "h" kati ya noti, ha-ha-ha. Kila "h" ni hewa inayopotea.

Vuta hewa kimya, mbavu zifunguke pembeni, kifua kitulie. Anza F kwa sauti ya chini, mbavu zisiporomoke mapema. Jifunze noti za haraka peke yake, nne nne, polepole, kwa "a" moja isiyokatika. F iunganishwe mwishoni. Pumzi ikikatika kabla ya mwisho, punguza sauti ya F kwanza, usikimbilie kuongeza kasi: mwendo wa wimbo huu ni wa taratibu, na ukiuharakisha noti zinakorogana.