Kula sumu kidogo kidogo: je, mwili hupata kinga?

Swali hili huzuka sana barazani huku Mombasa, kuanzia Mji wa Kale hadi Likoni, na kila mzungumzaji huwa na mjomba au jirani wa kumtolea ushahidi. Yafuatayo ni maswali yanayorudi mara kwa mara, pamoja na majibu yake.

Ni kweli kulikuwa na mfalme aliyekula sumu kila siku mpaka ikashindwa kumuua?

Mfalme alikuwepo. Ni Mithridates wa Sita wa Ponto, nchi iliyokuwa kusini mwa Bahari Nyeusi, sehemu ambayo leo ni Uturuki. Alikufa mwaka 63 kabla ya Kristo. Waandishi wa kale wanasimulia kwamba aliogopa kutiliwa sumu chakulani, hivyo akajizoeza kwa dozi ndogo ndogo. Aliposhindwa vitani na Warumi akanywa sumu ajiue, akatembea huku na huku akiingoja, isimfanye kitu, ikambidi amwombe askari wake ammalize kwa upanga.

Hadithi tamu, lakini ina tundu. Masimulizi hayohayo yanasema aliwanywesha kwanza binti zake wawili, nao wakafa papo hapo. Huenda kilichobaki hakikumtosha. Sitaki kumvunjia mtu raha ya hadithi, ila huo si ushahidi wa kumfanya mtu mzima alambe sumu.

Basi mwili unaweza kujifunza kuishinda sumu, au hauwezi?

Inategemea sumu yenyewe ni kitu gani. Kinga ya mwili hutambua hasa vitu vikubwa kama protini, kisha hutengeneza kingamwili za kuvinasa. Sumu ya nyoka kwa sehemu kubwa ni protini. Ya nyuki pia, na ya bakteria wa pepopunda. Hapo kujifunza kunawezekana.

Madini ya risasi, zebaki, aseniki, sayanaidi na methanoli inayotiwa kwenye pombe chafu ni vitu vidogo mno. Kinga haivioni kabisa. Ukivimeza kidogo kidogo miaka ishirini, hupati kingamwili hata moja. Unachopata ni ini, figo, ubongo na mishipa ya fahamu vilivyoliwa taratibu. Aseniki kidogo ya kila siku kwenye maji ya kunywa huleta saratani ya ngozi, ya mapafu na ya kibofu.

Ini nalo lina njia yake. Mnywaji wa kila siku huongeza vimeng'enya vya kuvunja pombe, ndiyo maana hulewa polepole kuliko mgeni wa chupa. Watu huita hiyo nguvu. Lakini baadhi ya vimeng'enya hivyohivyo huigeuza paracetamol, ile dawa ya kawaida ya kichwa, kuwa sumu ya ini, na mnywaji huyo aweza kuumizwa na dozi ambayo mwingine angeihimili.

Mzee mmoja Kwale huchanja watu chale na kuwapaka unga wa kichwa cha nyoka kilichochomwa, ili wakiumwa wasife. Inafaa?

Fikra yake ina chembe ya ukweli, na ndiyo inayoifanya iwe ya hatari. Dawa ya hospitali ya kuumwa na nyoka hutengenezwa kwa njia inayofanana nayo: farasi hudungwa sumu kidogo, huongezewa kwa vipimo, halafu hutolewa damu ili kuchujwa kingamwili. Kazi hiyo ilianza miaka ya 1890, na Mfaransa Albert Calmette ni mmoja wa walioianzisha. Kule Florida, Marekani, Bill Haast, mfugaji wa nyoka, alianza kujidunga sumu mwaka 1948. Aliumwa zaidi ya mara 150, na akafa mwaka 2011 akiwa na miaka 100.

Wengi wakisikia hayo husema, "Si unaona!" Ngoja kidogo. Kingamwili za sumu ya swila kwa kawaida hazikukingi na bafe, kwa sababu sumu zao hazifanani. Ukiacha kudungwa, kingamwili hupungua. Wengine wakirudiarudia sumu hiyo hawapati kinga, wanapata mzio, na siku ya kuumwa koo hufunga na shinikizo la damu huporomoka. Tena sumu ya bafe huanza kuozesha nyama palepale ilipoingia, kabla kingamwili hazijaifikia. Na unga uliochomwa motoni? Moto huharibu protini, kwa hiyo kilichopakwa kwenye chale kwa kiasi kikubwa ni majivu, na wembe uliotumika huenda ulipita kwa watu wengine.

Anayemwamini mganga huyo hukaa nyumbani saa mbili tatu akingoja kinga ifanye kazi. Saa hizo ndizo zinazoua. Akiumwa mtu, mtulize, mvue pete na bangili kabla hajavimba, kiungo kisitikiswe, msikate wala kunyonya, msifunge kamba ya kuzuia damu, mkimbizeni hospitali. Huko Watamu kuna kituo cha Bio-Ken ambacho kwa miaka mingi kimekuwa kikisaidia Pwani kwa dawa na ushauri wa nyoka.

Kuna anayepigana na swila bila wasiwasi, naye ni nguchiro. Lakini hakujizoeza. Misuli yake imeumbwa kwa namna ambayo sumu ya swila haipati pa kushika, na umbo hilo alilirithi kwa wazazi wake.

Mbona basi kina mama wajawazito tunadungwa chanjo ya pepopunda kliniki? Si sumu ile?

Ni sumu iliyokwisha kuvunjwa meno. Huchukuliwa sumu ya bakteria wa pepopunda na kutibiwa kwa kemikali ya fomalini hadi isiweze kudhuru, ila umbo lake linabaki ili kinga ilitambue. Mama hutengeneza kingamwili, naye mtoto huzaliwa nazo.

Na hapa pana jambo ambalo ningependa lisikike kwenye kila baraza. Mtu aliyeugua pepopunda akapona bado lazima achanjwe. Sumu hiyo ni kali kiasi kwamba chembe inayotosha kuua haitoshi kuishtua kinga. Kwa hiyo hakuna "kidogo kidogo" ya sumu halisi itakayokufaa; utakufa kabla mwili haujajifunza.

Babu yangu alikuwa mvuvi, alikula bunju maisha yake yote. Si alikuwa ameizoea?

Babu alikuwa na mkono mzuri wa kisu, na bahati. Sumu ya bunju hukaa zaidi kwenye ini, mayai, utumbo na ngozi, na kiasi chake hutofautiana kati ya samaki na samaki, msimu na msimu. Kupika hakuiondoi. Ndimu haiiondoi, wala kukausha juani. Ni molekuli ndogo, hivyo hakuna mtu anayejenga kinga dhidi yake. Aliyeila huanza kuhisi ganzi midomoni na vidoleni, viungo vinalegea, kisha pumzi inakatika huku mara nyingi akili iko timamu. Hakuna dawa ya kuitengua. Hospitali humpumulisha kwa mashine hadi iishe mwilini.

Nyama ya kasa nayo ni vilevile. Machi 2024 huko Pemba walikufa watu 9, wanane wao watoto, baada ya kula kasa. Wazee wao nao walikuwa wakila kasa miaka yote.

Sisi tuliokaa karibu na kiwanda cha betri Owino Uhuru, hapa Mombasa, mwili haukuzoea yale madini ya risasi?

Hapana, na hili ndilo swali zito kuliko yote, kwa sababu ndiyo sumu ya kidogo kidogo tunayoijua kwa majina ya watoto wetu. Kiwanda cha kuyeyusha betri za magari kilianza kazi pale mwaka 2007 na kufungwa 2014. Moshi na maji machafu vilipeleka risasi kwenye udongo, vumbi na mabati ya nyumba.

Mwili huidhania risasi kuwa kalisi. Huipeleka kwenye mifupa na meno, na humo hukaa miaka na miaka. Mwanamke akishika mimba na mwili ukihitaji kalisi, risasi ya utotoni hurudi kwenye damu na kumfikia mtoto tumboni. Watoto wadogo huifyonza mara nne hadi tano kuliko watu wazima, na Shirika la Afya Duniani linasema hakuna kiwango kinachojulikana kuwa salama. Mtoto anaweza asionekane mgonjwa huku uwezo wake wa kujifunza ukishuka.

Mwaka 2020 mahakama ya mazingira Mombasa iliamua wakazi walipwe shilingi bilioni 1.3. Mahakama ya Rufani ikatengua, na Desemba 2024 Mahakama ya Juu ikaurudisha uamuzi huo. Kwa upande wa afya, kinachosaidia ni kupima damu, kuondoa chanzo, kufuta vumbi kwa kitambaa chenye maji badala ya kufagia, kunawa mikono kabla ya kula, na lishe yenye madini ya chuma na kalisi: dagaa, maziwa, mchicha. Ukipata chuma na kalisi ya kutosha, utumbo hufyonza risasi kidogo zaidi.

Na mateja? Mbona mtu anavuta unga unaoweza kuua watu watatu?

Hapo kuna kuzoea kwa kweli. Ubongo unaotumia heroini kila siku hupunguza mwitikio wake, mtu akahitaji zaidi na zaidi. Lakini kuzoea huko hupotea haraka. Kijana anayetoka gereza la Shimo la Tewa au kituo cha kuachia dawa baada ya wiki kadhaa, akarudia kipimo chake cha zamani, mara nyingi ndiye anayekutwa amekufa chooni. Familia zilijue hilo. Dawa ya methadone ya kliniki hutolewa kwa uangalizi kuzuia arosto, yaani mateso ya kuikosa heroini, na dawa ya naloxone huweza kumrudishia pumzi aliyezidisha, ikiwahi.

Mtoto akinywa mafuta ya taa au dawa ya panya, tumpe maziwa?

Hapana, na msimtapishe. Mafuta ya taa yakirudi juu huingia mapafuni, na hapo ndipo madhara makubwa hutokea. Mvueni nguo zilizolowa, mkae naye akiwa ameketi wima ikiwa ana fahamu, mwende hospitali hata kama anacheza. Chupa au pakiti ya hicho alichokula ibebeni, pamoja na saa aliyokila. Daktari atauliza hayo kwanza.