Je, ni Abu Maashar aliyebuni hesabu ya jina lako na la mama yako?

Ukienda kwa mganga wa kitabu huku pwani, huenda usiulizwe tarehe ya kuzaliwa. Utaulizwa jina lako na la mama yako, kwa sababu kila herufi ya Kiarabu ina thamani yake katika hesabu ya abjadi. Tumchukue Ali, mwana wa Zainabu. Ali ni 70, 30 na 10, jumla 110. Zainabu ni 7, 10, 50 na 2, jumla 69. Yote pamoja ni 179. Unatoa kumi na mbili kumi na mbili mpaka zisitoke tena, zinabaki 11. Nyota ya kumi na moja ni Ndoo, nyota ya hewa, na kutoka hapo Ali anasomewa maradhi yake na mke anayemfaa.

Kitabu maarufu cha hesabu hii kina jina la Abu Maashar al-Falaki, na wengi huamini ndiye aliyekiandika. Abu Maashar aliishi kweli. Alizaliwa Balkh, Afghanistan ya leo, mnamo 787 hivi, akafanya kazi Baghdad na kufariki Wasit mwaka 886. Ibn al-Nadim, aliyeorodhesha vitabu vya zama hizo, anasema alianza kama msomi wa hadithi za Mtume, tena akiwachochea watu dhidi ya mwanafalsafa al-Kindi. Al-Kindi akamtuma mtu amvutie kwenye hesabu na jiometria, naye akaishia kwenye unajimu akiwa na miaka 47. Baadaye khalifa al-Mustain aliamuru achapwe viboko kwa kutabiri jambo ambalo likatokea kweli.

Lakini hesabu ya majina haifanani kabisa na elimu yake. Katika vitabu vinavyojulikana kuwa vyake, kila kitu huanzia angani na saa ndiyo msingi. Mnajimu anataka kujua ni burji gani, yaani ipi kati ya zile nyota kumi na mbili, ilikuwa ikichomoza mashariki wakati mtoto anazaliwa, na burji hiyo hubadilika kila baada ya saa mbili hivi. Sasa rudi kwa Ali. Akizaliwa alfajiri ya Januari au usiku wa manane wa Juni, madhali mama ni Zainabu, atabaki Ndoo. Akina Ali wote wenye mama Zainabu, wa karne zote, wana nyota moja. Hesabu hiyo haihitaji mbingu wala saa, nayo inatoka katika elimu ya herufi na talasimu. Abu Maashar wa kitabu kile ni mtu wa kubuniwa, aliyevikwa jina la msomi mkubwa ili kitabu kiaminike. Ni kweli kwamba mgawanyo wa nyota za moto, udongo, hewa na maji umo pia katika vitabu vyake halisi, ila mgawanyo huo ni wa kale kuliko yeye.

Alilojulikana nalo hasa ni kuisoma historia kwa mizunguko ya wakati. Fikiria wakimbiaji wawili kwenye uwanja wa duara. Sayari ya Mshtarii (Jupita) ina mbio, humaliza mzunguko kwa karibu miaka 12. Sayari ya Zohali (Satani) ni nzito, huchukua karibu 29 na nusu. Wakianza pamoja, Mshtarii atampita mwenzake na kumfikia tena baada ya karibu miaka 20. Wakati huo Zohali atakuwa amekwenda theluthi mbili za uwanja na kidogo zaidi, kwa hiyo hapo ndipo wanapokutana. Safari ya tatu wanakaribia tena pale walipoanzia, ila wamesogea mbele kidogo. Hivyo mikutano hubaki katika burji tatu za asili moja, tuseme za moto, mpaka huko kusogea kuwahamishie kwenye za udongo. Kwa hesabu ya wakati ule kuhama kulichukua miaka 240, na kuzimaliza asili zote nne miaka 960. Abu Maashar aliamini kila hatua ina tukio lake: mkutano wa miaka 20 huleta mabadiliko ya watawala, na mizunguko mikubwa huleta dola na dini mpya.

Sehemu ya mwisho haina ushahidi. Falme huanguka katika miaka yoyote, na mwenye kutafuta mkutano wa karibu hawezi kuukosa. Mwendo wenyewe, hata hivyo, ni wa kweli. Tarehe 21 Desemba 2020 sayari hizo zilionekana zimekaribiana sana upande wa magharibi baada ya jua kuzama, na zitakutana tena 2040.

Na kuna jambo lake moja ambalo mvuvi wa pwani angelikubali bila kubishana. Katika kitabu chake Utangulizi Mkuu, kilichotafsiriwa kwa Kilatini mwaka 1133 na tena 1140, aliandika kwa kirefu jinsi kupwa na kujaa kwa bahari kunavyofuata mwezi, na wasomi wa Ulaya wakajifunza hilo kupitia kwake. Alidhani ni nguvu ya unajimu. Sababu halisi, mvutano wa mwezi na jua, ilielezwa na Newton mwaka 1687.