Washington: bunge lililochoka kuwa mpangaji

Nafundisha sheria ya katiba, na kila muhula kuna mwanafunzi anayeuliza: "Mwalimu, kwani Washington iko jimbo gani?" Haiko jimbo lolote. (Lile jimbo la Washington liko kule pwani ya Pasifiki, ni jingine kabisa.) Mji mkuu wa Marekani umekaa kwenye kipande cha ardhi kiitwacho Wilaya ya Columbia, na mwenye kauli ya mwisho juu yake ni bunge la nchi nzima, Kongresi. Katika Kongresi hiyo wakazi wa mji hawana hata kura moja. Nikifika hapo darasa huanza kunong'ona, maana hii ndiyo nchi iliyopigania uhuru wake ikilalamika kutozwa kodi bila uwakilishi.

Ili kuelewa walifikaje hapo, inabidi turudi Juni 1783. Kongresi ilikuwa ikikutana Philadelphia, ndani ya jengo la serikali ya Pennsylvania. Vita vilikuwa vimekwisha, hazina ilikuwa tupu, na askari walikuwa wakidai mishahara yao. Tarehe 21 mamia yao walilizunguka jengo wakiwa na bunduki, na pombe ya vilabu vya jirani ikazidi kuwatia joto. Wajumbe walimwomba John Dickinson, aliyekuwa mkuu wa serikali ya Pennsylvania, aite wanamgambo. Dickinson akasita, kwa kuwa hakuwa na hakika kama wanamgambo wangekubali kuwageuzia silaha askari waliotoka vitani. Siku chache baadaye Kongresi ilikuwa imeshahamia Princeton, New Jersey. Kutoka hapo ikaenda Annapolis, kisha Trenton, kisha New York, kama mpangaji anayehama na godoro lake kichwani.

Hakuna aliyeuawa siku ile, lakini aibu iliingia moyoni. Wakubwa wale waligundua kwamba bunge la taifa linalokaa katika nyumba ya mtu linaishi kwa hisani ya mwenye nyumba. Katiba ilipoandikwa mwaka 1787 dawa iliwekwa katika ibara ya kwanza, kifungu cha 8: Kongresi itakuwa na mamlaka ya pekee ya kutunga sheria, "katika mambo yote", juu ya wilaya isiyozidi maili 10 kwa 10, itakayokuwa makao ya serikali. Maneno hayo "katika mambo yote" huwa nayasoma mara mbili. Ni yaleyale Bunge la Uingereza liliyatumia mwaka 1766 kutangaza mamlaka yake juu ya makoloni ya Amerika, yakawaudhi sana wakoloni. Miaka 21 baadaye, waliokuwa wameudhiwa wakayaandika wenyewe.

Sidhani walikuwa na nia mbaya. James Madison, mmoja wa walioiandika Katiba hiyo, katika makala aliyoichapisha Januari 1788 kuitetea Katiba, alikubali kwamba wakazi wa wilaya hiyo wangehitaji chombo chao cha kutunga sheria za mji, kilichochaguliwa kwa kura zao, na akasema bila shaka wangepewa. Hiyo "bila shaka" ilichukua zaidi ya karne moja na nusu kuwa kitu cha kudumu.

Mahali penyewe palipatikana kwa mapatano ya kisiasa mwaka 1790: watu wa kusini wakakubali serikali kuu ibebe madeni ya vita ya majimbo, nao wakapata mji mkuu kando ya mto Potomac, kwenye ardhi iliyotolewa na Maryland na Virginia. Kongresi ilihamia huko Novemba 1800, kukiwa bado na visiki vya miti barabarani. Kwa muda mfupi wakazi waliendelea kupiga kura kama watu wa Maryland au Virginia, mpaka Februari 1801 Kongresi ilipopitisha sheria ya kuichukua wilaya moja kwa moja, na kura zao zikakatika. Upande wa Virginia haukuvumilia. Mwaka 1846 Kongresi ilikubali kuurudisha, na ndiyo maana ukiitazama ramani leo utaona mraba uliomegwa upande mmoja. Biashara ya watumwa ya Alexandria, mji wa upande huo wa Virginia, ilichangia: wenye biashara hiyo waliogopa Kongresi ingeipiga marufuku mjini, na kweli ilipigwa marufuku mwaka 1850.

Waliobaki walijaribiwa kila mfumo. Mwaka 1871 walipewa gavana na baraza. Mji ukachimbwa mitaro, ukawekwa taa na barabara, ukafilisika, na mwaka 1874 Kongresi ikafuta kila kitu na kuweka makamishna wasiochaguliwa na mtu. Utawala huo ulidumu hadi 1967. Kwa karibu karne nzima, katika mji mkuu wa taifa linalojiita mama wa demokrasia, hapakuwa na uchaguzi hata wa diwani. Katika miaka ya mwisho ya kipindi hicho watu weusi walikuwa wengi kuliko weupe mjini, na kamati ya Baraza la Wawakilishi (moja ya mabaraza mawili ya Kongresi, jingine ni Seneti) iliyosimamia mambo ya mji ilikuwa mikononi mwa wabunge wa kusini waliotetea ubaguzi. Hilo silisemi kwa bahati mbaya. Ukiitenga habari ya rangi, nusu ya historia ya mji huu haieleweki.

Marekebisho ya 23 ya Katiba, ya mwaka 1961, yaliwapa wakazi wajumbe 3 kati ya wale wanaomchagua rais kwa niaba ya wananchi. Mwaka 1971 wakapata mbunge wao katika Baraza la Wawakilishi, ila ni mbunge wa namna yake: anaongea, anakaa kwenye kamati, anawasilisha miswada, lakini muswada ukifikia kupigiwa kura ya mwisho hana kura. Katika Seneti hawana mtu kabisa. Sensa ya 2020 ilihesabu wakazi 689,545, zaidi ya Wyoming na Vermont, na kila moja ya hayo ina maseneta wawili.

Sheria ya utawala wa ndani ya 1973 ndiyo iliyoleta meya na baraza la kuchaguliwa. Wageni wengi wakiona meya hudhani mambo yamekwisha. Hebu tuangalie mashine yenyewe inavyofanya kazi. Baraza la mji likipitisha sheria na meya akaitia saini, bado si sheria. Inapelekwa Kongresi, ikae huko siku 30, na siku 60 ikiwa ya makosa ya jinai. Siku hizo ni za vikao tu. Wabunge wakienda likizo, saa inasimama, hivyo siku 30 zinaweza kuwa miezi. Baraza limejifunza kupenya: hupitisha sheria za dharura zinazodumu siku 90 bila kupitia Kongresi, na dharura nyingine ukizisoma hutaiona dharura yenyewe.

Kongresi haitumii mara nyingi nguvu ya kufuta sheria waziwazi. Ilifanya hivyo mwaka 1991, kisha ikakaa hadi Machi 2023 ilipoitupa sheria mpya ya makosa ya jinai ya mji, na Rais Biden akatia saini. Chombo kinachotumika zaidi ni bajeti. Wakazi wanalipa kodi za mji, baraza linapanga matumizi, lakini bajeti hupita mikononi mwa Kongresi, na mbunge wa jimbo jingine kabisa anaweza kuchomeka sentensi moja. Mfano ninaoupenda ni wa bangi. Mwaka 2014 wapiga kura waliihalalisha kwa kura nyingi. Kongresi ikachomeka kifungu kinachoukataza mji kutumia fedha kuhalalisha zaidi ya hapo. Matokeo yake ukaruhusiwa kuwa nayo na kumpa mtu bure, lakini mji haukuweza kuweka utaratibu wa kuiuza. Yakazuka maduka yanayouza stika kwa bei ya ajabu, na mnunuzi anapewa "zawadi". Waliotaka kuzuia bangi wakazaa soko lisilo na leseni wala kodi.

Yapo pia mambo ambayo mji hauruhusiwi kuyagusa kabisa: kuwatoza kodi ya mapato wanaokuja kazini asubuhi kutoka Maryland na Virginia, kuteua majaji wake, kubadili ukomo wa urefu wa majengo. Rais naye anaweza kuwachukua polisi wa mji kwa siku 30 akidai kuna dharura, na nyongeza ya muda inahitaji Kongresi. Trump alifanya hivyo Agosti 2025.

Sasa rudi kwenye hofu ya 1783, maana ndiyo inayobeba mfumo wote: bunge lisikose mlinzi kwa sababu mwenyeji amekunja mikono. Tarehe 6 Januari 2021 umati uliingia kwa nguvu katika jengo la Kongresi. Meya Muriel Bowser hakuweza kukiamuru Kikosi cha Ulinzi wa Taifa cha mji wake, kwa kuwa hapa amri ni ya rais, wakati katika jimbo ingekuwa ya gavana. Kikosi kilichelewa saa kadhaa. Waliowahi kusaidia, wakapigana mlangoni na kujeruhiwa, ni polisi wa mji, wanaolipwa kwa kodi za watu wasio na kura ndani ya jengo lile.

Huwa naambiwa kwamba bunge haliwezi kuwa salama bila mpangilio huu. Brazil ina wilaya ya shirikisho kule Brasília, na inachagua maseneta 3 na wabunge 8. Canberra, mji mkuu wa Australia, ina wabunge na maseneta wake. Kumiliki ardhi ya makao ya serikali na kuwanyima wakazi kura ni mambo mawili, na Wamarekani waliyafunga katika kifurushi kimoja.

Mwaka 2016 wakazi waliulizwa kwa kura ya maoni kama wanataka kuwa jimbo, na zaidi ya asilimia 85 wakakubali. Baraza la Wawakilishi lilipitisha muswada huo mwaka 2020 na tena 2021, Seneti haukupita. Muswada unaacha kipande kidogo kuwa wilaya ya serikali, chenye jengo la Kongresi, Mahakama ya Juu na Ikulu, na kinachosalia kinakuwa jimbo la 51. Wanasheria hukwama kwenye Marekebisho ya 23, ambayo bado yanaipa wilaya wajumbe 3 wa kumchagua rais hata ikiwa imebaki majengo na bustani. Muswada unataka yafutwe haraka, lakini kufuta kipengele cha Katiba kunahitaji majimbo 38. Na ukipiga hesabu ya nani hasa analala ndani ya kipande hicho, unabaki na familia moja: ya rais.