Toleo adimu la gemu ni lipi hasa?

Toleo adimu ni nakala ya gemu iliyokwisha madukani, na zilizobaki mikononi mwa watu ni chache kuliko wanaozitaka. Wengi hulichanganya na toleo maalumu. Toleo maalumu huzaliwa likiwa hivyo: kampuni hulitangaza, hulijaza vikorokoro, kisha huliwekea bei ya juu. Uadimu huja baadaye, na mara nyingi hakuna aliyeupanga.

Chukua Resident Evil, gemu ya Capcom ya mwaka 1996 iliyoongozwa na Shinji Mikami: jumba moja, mazombi, na risasi za kuhesabu. Japani inaitwa Biohazard; Marekani jina hilo lilikuwa tayari na wenyewe, ikabidi litafutwe jingine. Nakala za mwanzo za Marekani zilitoka katika kasha refu la plastiki, kwa sababu PlayStation, mashine ya gemu ya Sony, ilikuwa ingali changa na gemu zake zikiuzwa hivyo. Muda si mrefu makasha hayo yakaachwa, gemu ikahamia kwenye kikasha cha kawaida cha sidii. Ukiicheza ni ileile, mlango kwa mlango. Kinachosakwa ni lile kasha, ambalo bawaba zake huvunjika kwa urahisi, kwa hiyo zima likiwa na kijitabu chake ni bahati kubwa.

Linganisha na pedi, yaani kidhibiti cha kushika mkononi, ya Resident Evil 4 ya mwaka 2005. Kampuni ya NubyTech iliiunda kwa umbo la msumeno wa mnyororo. Ya GameCube, mashine ya gemu ya Nintendo, ni ya njano, imerashiwa damu ya rangi. Kuishika ni tabu, vitufe viko mbali na vidole, lakini ukiiona kabatini unamkumbuka papo hapo yule adui wa gemu hiyo mwenye msumeno na gunia kichwani. Resident Evil 6 nayo, mwaka 2012, iliuzwa Japani pamoja na jaketi la Leon, mmoja wa wahusika wake wakuu, kwa yeni 105,000. Mimi kasha refu la 1996 naliheshimu zaidi: lilinunuliwa lichezwe, na aliyelitunza alilitunza kwa mapenzi tu.

Ukiuziwa kasha kama hilo, fungua kwanza. Geuza sidii: ya PlayStation ya kwanza, ikiwa halisi, ni nyeusi upande wa chini. Kisha kagua karatasi ya jalada, maana hiyo ndiyo huchapishwa upya kirahisi kuliko vyote, na maandishi madogo ya nyuma yakiwa na ukungu, rudisha.